Siku Niliyomgeuzia Baba Njia

Madereva wa malori hawajui kukimbizana. Niligundua hilo mwaka niliofungua chumba cha gemu Tunduma, nyuma ya maegesho ya malori, na mpaka leo nikikumbuka walivyokuwa wakicheza nacheka kwanza, halafu kicheko kinanikauka mdomoni.

Chumba chenyewe kilikuwa cha mbao na mabati. Nilikuwa na TV mbili za kichogo, mabenchi ya kuazima kanisani, na mashine mbili za gemu ambazo huko mijini walikwisha kuziona za kizamani. Mashine hizo aliniletea baba kutoka Dar. Alizifunga kwenye blanketi lake akazilaza kwenye kitanda kilicho nyuma ya usukani, na yeye njia nzima akawa analala kwenye kiti. Mimi nilikuwa nimemaliza kidato cha nne kwa matokeo ya kuficha, na ushonaji nilioanzishiwa ulinishinda kwa sababu ya hasira zangu: nguo ya mtu ikinisumbua nilikuwa naichana. Baba alisema afadhali TV, maana haichaniki.

Jioni walikuja vijana wanaovusha mizigo kwa baiskeli kwenda Nakonde, upande wa Zambia. Hao walitaka mpira tu. Mchana walikuja madereva, kwa sababu dereva akishafika Tunduma kazi yake inageuka kuwa kusubiri. Karatasi ziko kwa wakala, wakala yuko forodhani, forodhani wanasema mtandao umekatika, na foleni inazidi kurudi nyuma kuelekea Mpemba. Wengine walilala chini ya trela, wengine walikunywa. Waliobaki walikuja kwangu kukimbia baridi.

Mwanzoni walitazama tu. Walikuwa wanasema hayo ni mambo ya watoto. Kisha mmoja akaishika pedi ya kuchezea nilipoweka CD ya magari, akaingia kwenye kona, na nikamsikia akiguna, "Eh, linasukuma mbele hili." Wenzake wakasogeza benchi.

Gemu ile haikuwa ya magari yanayoruka na kupigana risasi. Iliigiza gari la kweli. Unaanza na gari dogo bovu la mtumba, unafanya majaribio ya udereva mpaka upewe leseni, na ukishindwa kusimama kwenye mstari unarudia hata ukilia. Tairi zinachoka. Ukiingia kona kwa fujo, gari linakataa kukata na kukupeleka linakotaka lenyewe. Kila injini ina mlio wake, na madereva walikuwa wanafumba macho kuusikiliza kisha wanabishana kuhusu gia.

Lakini kucheza sasa! Mtu yumo kwenye mashindano, nyuma yake kuna gari lina haraka, na yeye anasogea pembeni kulipisha. Mmoja wa Iringa aliniuliza kitufe cha indiketa kiko wapi. Mwingine, Mzambia, alikuwa anapunguza mwendo mbali kabisa kabla ya kona kana kwamba amebeba shaba yote ya Kongo, na vijana wa baiskeli wakija mapema walikuwa wanaanguka chini kwa kucheka. Madereva hawakujali. Walichokuwa hawaikubalii gemu ile ni kimoja tu: gari likigonga ukuta halibonyei. Linarudi barabarani zima, halina hata mkwaruzo. Walikuwa wanatikisa vichwa na kusema hapo waliotengeneza wamedanganya.

Baba alikuwa hodari kuliko wote. Yeye alikuwa Mnyiha wa Igamba, dereva tangu kabla sijazaliwa, na miaka hiyo alikuwa anaendesha lori la mzee mmoja wa Kiislamu aliyehamia Tunduma kutoka Tanga. Kila safari, akishakabidhi karatasi kwa wakala, alikuja kwangu kwanza kabla ya kwenda Igamba kumwona mama na kahawa yake. Alivua viatu mlangoni, ingawa sakafu yangu ilikuwa ya udongo, akakaa karibu na TV, akachagua gari lilelile na njia ileile: ya milimani, yenye kona nyingi za kupinda kushoto. Alimaliza mizunguko yote bila kugusa ukuta. Vijana wale wenye midomo walinyamaza akishika pedi. Wazambia walimwita "batata", baba yetu, na mimi kwenye kiti changu cha mwenye duka nilijisikia mtoto wa mtu mkubwa.

Sijui ni lini nilianza kumchunguza. Nadhani ilikuwa chai. Alimimina chai kikombe kikafurika, akaendelea kumimina, kwa kuwa kikombe kilikuwa kushoto kwake. Siku nyingine nilisimama mlangoni upande huohuo, na mkono nikamnyooshea, akapita. Nikafikiri amenuna. Tena alipokuwa anacheza alikuwa anageuza kichwa chote, kama kuku, badala ya kuzungusha macho. Nikaanza kujiuliza kwa nini hataki kamwe njia nyingine. Nilimwambia mara moja, "Baba, zipo nyingi, jaribu hii ya mjini." Akasema, "Hiyo siijui." Nilicheka, maana hakuna anayeijua njia ya gemu kabla ya kuipita.

Halafu lori likaja na kioo cha pembeni cha kushoto kimevunjika. Nilimuuliza kimetokea nini. Akajibu kwa mkato, "Ni mambo ya maegesho," akaomba maji ya kunawa.

Usiku ule sikupata usingizi. Niliiona njia yote kutoka Dar, Kitonga ile, mteremko wa Iwambi, na watoto wa Nanyala wanaovuka barabara kuu na madaftari kichwani mvua ikinyesha. Niliwaza: huyu mzee anaendesha kwa kukariri. Kona anazijua kama anavyozijua za gemu, lakini mtoto hakaririki. Hofu ile ilikuwa ya kweli, na sitaki kuisingizia. Kosa langu halikuwa kuogopa.

Jambo rahisi lilikuwa kumuuliza. Lakini kwetu mtoto hamuulizi baba habari za mwili wake. Baba akiumwa, anajua mama. Mama akiona vyema anamwambia shangazi, na shangazi ndiye anayetuambia sisi, kwa kuzungukazunguka, wakati mwingine mgonjwa keshapona. Na hilo ni kwa homa tu. Kumuuliza dereva kama anaona ilikuwa sawa na kumuuliza mchungaji kama anaamini. Nikajiambia kwamba kumuuliza ni kumvunjia heshima, na kwamba kuna namna ya kujua bila kumuuliza. Niliiona namna hiyo kuwa ya adabu. Nilijisifu hata, Mungu anisamehe.

Kwenye gemu ile, njia nyingi zilikuwa na toleo la kugeuzwa. Ni barabara ileile, miti ileile, lakini unaanzia upande wa pili: kona za kushoto zinakuwa za kulia, kupanda kunakuwa kushuka. Anayeona atababaika kidogo kisha atazoea. Aliyekariri amekwisha. Niliamua kumwekea baba ile njia yake ya milimani, imegeuzwa, bila kumwambia. Akiweza, nitafunga mdomo wangu na kuomba radhi moyoni. Akishindwa, nitakwenda Igamba kumwambia mama, na mambo yatafuata njia zake.

Ilikuwa Jumamosi mchana, mvua kubwa, na Jumatatu baba alikuwa ageuze lori kurudi Dar. Tulikuwa wawili tu. Wakati anavua viatu nilichagua njia, nikabonyeza, na nilipompa pedi picha ilikuwa inafunguka. Hapo mlango ukasukumwa. Wakaingia madereva watatu wakikung'uta maji, mmoja wao yule Mzambia wa mwendo wa pole. "Batata yupo kazini," akasema, wakakaa nyuma yake kutazama ufundi.

Ningeweza kusimamisha. Kitufe kilikuwa mbele yangu. Ningeweza kusema mashine imekwama, imepata unyevu, kitu chochote. Hakuna kitu rahisi kama kusingizia mashine. Lakini nilikuwa nimeshaamua, na mimi nikishaamua jambo nakuwa kama nilivyokuwa na zile nguo za watu. Nilitaka kujua.

Taa za kuanzia zikawaka. Baba alikanyaga kama kawaida yake, taratibu, akisikiliza gia. Pale ambapo siku zote alikuwa anaanza kukata kushoto, akakata kushoto. Ukuta ulikuwa hapohapo. Gari likagonga, likarudi barabarani. Madereva wakacheka kidogo, kwa upendo, kama mnavyomcheka mtu mkubwa akikosea jambo dogo. Akanyoosha, akaenda, akagonga tena. Akageuza kichwa huku, akageuza kule. Gari lilikuwa limeelekea lilikotoka na maandishi mekundu ya onyo yanawaka katikati ya kioo cha TV, naye anaendelea kukanyaga mafuta, magari mengine yakimjia usoni na kumpita.

Kicheko kilikatika chenyewe. Mzambia aliinama, akamgusa bega. "Batata," alisema kwa sauti ya chini, "ukuta uko hapo. Upande wa kushoto. Hamuoni?" aliuliza, kwa wingi wa heshima wa kwao.

Baba aliweka pedi chini. Kwanza aliifuta kwenye suruali yake, kwani ilikuwa imelowa jasho. Akavaa viatu, mguu wa kushoto akiutafuta kwa vidole. Akasema mvua imepungua. Haikuwa imepungua hata kidogo. Bati lilikuwa linapiga kelele kiasi kwamba alilazimika kuinua sauti ili kutuambia hivyo. Akatoka. Wale watatu walitazama chini, na mmoja wao akaniomba nizime TV.

Maegesho ya Tunduma hayana siri. Wale hawakuwa wabaya, na nina hakika walilisema kwa huruma, lakini huruma nayo ina mdomo. Jumapili, watu wakitoka ibadani, mawakala walikuwa wanajua. Jumatatu asubuhi wenye mizigo walikuwa wanajua, na mmoja alikwenda kwa tajiri, yule mzee mwenye lori, akamwambia bidhaa zake hazitapakiwa kwenye gari la kipofu. Tajiri alimwita baba nyumbani kwake, akamkaribisha chai na maandazi, wakakaa muda mrefu. Baba alipotoka hakuwa na ufunguo. Alikwenda Igamba bila kupita kwangu, na ilikuwa mara ya kwanza tangu nifungue chumba kile.

Nilijiambia nimeokoa watu. Nililisema hadi kwa sauti nikiwa peke yangu, huku nikifagia. Watoto wa Nanyala watavuka salama. Baba atakasirika, kisha atapoa, na kahawa ipo. Nilikuwa naumia, sikatai, lakini nilikuwa naumia kama mtu aliye upande wa haki.

Katikati ya wiki akaja utingo wa baba, mwanamume wa makamo mwenye familia Vwawa, aliyekuwa naye garini miaka mingi. Alibeba vitu vilivyobaki ndani ya lori: blanketi, chupa ya chai, Biblia, na sweta. Hakukaa.

"Dada, shikamoo sikupi, wewe ni mdogo wangu," alisema akijaribu utani, kisha utani ukamshinda. "Mzee alinikataza. Ila roho inaniuma, acha niseme."

Nikamwambia aseme.

"Mzee hajashika usukani barabarani tangu mwaka jana. Alipimwa, wakamwambia ana presha ya macho. Siku hiyohiyo alikwenda kwa tajiri akamwambia ukweli. Tajiri akasema, huyu utingo wako ana leseni, mfundishe gari mpaka wenye mizigo wamzoee, halafu wewe upumzike na gari umkabidhi mwenyewe. Tumekwenda hivyo. Mimi naendesha, yeye kakaa kushoto ananielekeza. Kitonga ananiambia gia kwa kusikiliza tu."

"Na kioo?"

"Kioo nilivunja mimi, Makambako, narudisha gari. Alisema atakibeba yeye, mimi jina langu bado changa." Aliweka blanketi juu ya benchi na kulikunja upya, ingawa lilikuwa limekunjwa. "Safari hii ndiyo ingekuwa ya mwisho. Tulikuwa turudi Dar, tupakie, tukifika hapa anishike mkono mbele ya wenzake, basi. Sasa tajiri kaleta dereva wa Mbeya. Jina la gari lilishachafuka, na mimi nimechafuka nalo. Nisingekuwa dereva bila yeye, dada. Sikulaumu. Nasema tu ujue."

Alipoondoka nilifunga mlango. Nilikaa kwenye benchi la baba, na sikuweza hata kulia, maana hasira zilikuwa nyingi na mtu wa kumkasirikia alikuwa mimi. Yale niliyotaka kuyazuia yalikuwa yamekwisha kuzuiwa, na aliyeyazuia ni yeye mwenyewe, mapema kuliko mimi, kwa utaratibu, bila kumwaibisha mtu. Nilichofanya mimi kilikuwa kumwondolea siku moja aliyokuwa ameiandaa kwa mwaka mzima, na kumharibia kazi mtu mwingine pamoja naye.

Nilikwenda Igamba. Mama alinipokea kwa maneno machache, akanionyesha kwa kidevu upande wa kahawa. Baba alikuwa anachuma, amefunga kikapu kiunoni, tawi kalivuta karibu na uso. Nilipiga magoti kumwamkia. Aliitikia, akaendelea kuchuma.

"Njia ile," alisema, "iligeuka yenyewe, au uliigeuza?"

Nilikuwa nimejiandaa kwa maswali mengi, si hilo. "Niliigeuza mimi, baba."

"Nilijua. Mashine haina sababu ya kunifanyia vile."

Nikamwomba msamaha. Nilisema mengi, nikayachanganya: Nanyala, kioo, chai, watoto wenye madaftari. Alinisikiliza mpaka mwisho. Alikuwa na tabia ya kumsikiliza mtu kama anavyosikiliza injini, bila kukatiza.

"Ungeniuliza, ningekwambia," alisema.

"Niliogopa kukukosea heshima."

"Ndiyo." Alitupa punje mbovu chini. "Mbele yangu naona vizuri. Wewe hapo nakuona. Pembeni ndiko kumefungwa. Ni maneno hayo tu, ningeyasema ukiwa unaniwekea chai."

Nikauliza kilichokuwa kinaniwasha: kama alijua haoni, na barabarani alikwisha kuacha, kwa nini kila safari alikuja kucheza?

"Kwenye lori nilikuwa naendeshwa," alisema. "Kwako ndiko nilikuwa naendesha. Na pale hata nikigonga, haumii mtu."

Nilimwomba arudi. Nilimwambia nitamwekea njia yake, ileile, na nitafunga mlango asiingie mtu. Alicheka kwa pua. "Sasa nikishika ile kitu, wewe utakuwa unanitazama," alisema. "Utakuwa hutazami gari, unatazama macho yangu. Nitaisikia." Sikubisha, kwa sababu ilikuwa kweli. Hakuigusa tena mpaka anaondoka duniani, na mimi miaka yote nikiwa na mashine zile sikumwekea mteja ile njia ya milimani. Wakiitaka, nilisema CD imechunika.

Jua lilipoanza kupoa, mama alituita tukale. Baba alifungua kikapu kiunoni, akatangulia kwenye njia nyembamba ya kutoka shambani. Alikuwa anakwenda haraka, kichwa juu, mwendo wa mtu aliyezaliwa pale. Mimi nilimfuata. Mbele, upande wa kushoto, mtu alikuwa ameacha toroli, mishikio yake imeingia njiani. Niliiona kabla yake. Nilimchunguza bila kutaka, kama nilivyokuwa nikimchunguza akicheza: atageuza kichwa, hatageuza.

"Baba," nilisema, "kuna toroli kushoto."

"Asante, mwanangu," alisema, akapita kulia.

Hakupunguza mwendo wala hakugeuka. Ilikuwa rahisi hivyo. Nilisimama pale karibu na toroli mpaka mama akaita mara ya pili.